Tuliomsemea Tata Kidole

Mnaongea mno. Hilo ndilo la kwanza, na nalisema mapema ili mwenye kununa anune sasa, tuendelee. Jumapili mlinialika kwenye ukumbi wenu wa video pale Manika, mkanikalisha kiti cha mbele kama mama mkwe, mkazima taa, mkaanza kuisemea ile filamu ya Wachina kwenye mikro. Nilicheka, sikatai. Lakini mtu kwenye filamu amefunga mdomo, ninyi bado mnasema. Farasi anakimbia, mnasema. Mwanamke analia peke yake dirishani, na yule kijana wenu mwenye kofia nyekundu anatutangazia kwamba mwanamke analia. Jamani, sisi hatuna macho?

Mliniomba niwaandikie namna tulivyoifanya kazi hii zamani, mimi na Tata Mbuyi, katika ukumbi wa kambi ya wachimba shaba, miaka ile kabla mambo hayajaharibika. Nimekubali. Nitatumia Kiswahili cha kitabu, kile ambacho masista walinitia kichwani kwa rula, ila watu wakifungua midomo nitawaacha waseme kama tunavyosema hapa Kolwezi. Mwaka baada ya mwaka msinidai. Kumbukumbu zangu hazijui kupanga foleni.

Mimi nilikuwa mwalimu wa kushona kwenye foyer, nyumba ya mafunzo ya wamama. Tata Mbuyi alikuwa fundi wa umeme wa kambi, na kwa kuwa yeye peke yake alijua kuiwasha apareyi ya sinema bila kuunguza kitu, Jumapili saa tisa mchana alikuwa pia bwana sinema wa watoto. Alikuwa mfupi, kifua kipana, na sauti ambayo ungedhani ameiazima kwa mtu mrefu. Akikuita kwa nyuma, ulisimama kwanza, ndipo ukageuka.

Filamu zetu zilikuwa tatu tu, na watoto walikuwa wamezichoka mpaka wanazizomea. Ndipo Tata Radjabu, msafirishaji, Mwislamu ambaye wazee wake walitoka upande wa Maniema, akafika na lori lake kutoka Zambia, amebeba masanduku ya bati. Kule kituo kimoja cha wageni kilikuwa kimefungwa na vitu vyake kuuzwa kwa yeyote mwenye lori. Ndani ya masanduku mlikuwa na filamu kumi na moja za watoto, zote kutoka nchi ya Warusi. Wakati ule jina la nchi ile halikutajwa ovyo kwetu. Shefu wa huduma za jamii alichukua kisu akakwangua maandishi kwenye kila sanduku, jasho likimtoka.

"Ni filamu za Bulaya," alituambia. "Bakiwauliza, ni za Bulaya. Bulaya ni kubwa."

Kwa hiyo majina yote yalipotea hapo. Mwanzoni mwa kila filamu yalipita maandishi, lakini nani angeyasoma? Herufi nyingine zilikuwa zetu zilizogeuziwa kisogo. Mpaka leo sijui jina la hata mtu mmoja aliyecheza mle ndani, na mmoja wao nilimpenda kama ndugu.

Jumapili ya kwanza tulionyesha filamu na sauti yake ya Kirusi. Watoto walivumilia dakika kumi, wakaanza kurusha maganda ya karanga. Kwenye picha alikuwapo mfalme ameshika shavu, analalamika kwa lugha ile. Mbuyi akaishusha sauti ya apareyi mpaka chini, akachukua mikro tuliyotumia kutangazia siku za chanjo, akasema kwa lile vumi lake:

"Aï, mama! Meno yangu! Nani alitia jiwe mu bukari ya mufalme?"

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko: mfalme wa Bulaya anakula bukari, ugali wetu! Mpishi wa mfalme akatokea kwenye picha, mwanamke mnene, akafungua mdomo. Mbuyi alinitazama mimi, niliyekuwa nimesimama mlangoni kukusanya viatu vilivyopotea. Nikasikia mdomo wangu unasema: "Si mi, mufalme! Ni mawe ya bukari ya jana!" Basi. Tangu siku hiyo nilikaa kiti cha pembeni ya kitambaa cha sinema kwa miaka ambayo sikuihesabu, kwa sababu mtu akiwa na furaha hahesabu.

Sasa kazi yenyewe. Mtazame filamu mara tatu bila sauti kabla hamjafungua midomo. Mara ya kwanza mtazame macho ya watu. Mara ya pili midomo. Mara ya tatu vifua, mwone wanapovuta pumzi, kwa sababu ukivuta pumzi pamoja na mtu wa kwenye picha, maneno yatakaa yenyewe mahali pake. Msile karanga kabla ya kazi, koo linakuwa na mchanga. Mnywe maji ya vuguvugu yenye chumvi kidogo. Na mtu akilia, mmwache alie.

Milio niliifanya mimi. Radi tulikuwa nayo ya kweli: Mbuyi alileta kutoka karakana bati jembamba la shaba, refu kunizidi, nikilitikisa watoto wa mstari wa mbele walikumbatiana. Farasi walikuwa vibuyu viwili vilivyokatwa. Theluji ndiyo ilinisumbua. Katika filamu zile kila mtu anatembea kwenye theluji, na sisi hapa nani aliyewahi kuisikia? Nilijaribu mchanga, nikajaribu majani makavu, hapana. Siku moja nyumbani nikabonyeza kifuko cha unga wa muhogo, kikalia kruu, kruu. Nilipiga kelele mpaka bwana wangu akatoka chooni mbio. Kuanzia hapo nilikuwa na kifuko changu cha theluji, kilo mbili, na ole wake atakayekigusa.

Mnajua tuligundua nini? Ilikuwa filamu ya nne au ya tano. Tulikuwa tunaitazama wenyewe, ukumbi mtupu, Mbuyi akasimamisha apareyi ghafla.

"Mama Astride, angaria kidole."

Kwenye picha alikuwa bibi kizee mfuga mabata, hana meno, ana shela mpaka kwenye nyusi. Kidole chake kidogo cha mkono wa kushoto kilikuwa kimepinda kuelekea nje. Nikasema nimekiona, na je?

"Mufalme ya meno iko nayo vilevile."

Tulirudisha filamu ya mfalme. Kweli! Ni kidole kilekile. Ni mtu mmoja. Yule bibi wa mabata ni mwanamume, na ni mfalme. Siku hiyo hatukurudi nyumbani kula. Tulitoa filamu zote, tukamsaka mle ndani kama wamama wanaotafuta chawa, na katika kila filamu tulimkuta, na si mara moja. Alikuwa mwizi wa kengele. Alikuwa karani wa posta aliyeganda kwa baridi. Alikuwa mbuzi jike mwenye suruali. Katika filamu moja mkono tu unatokea, unachora mlima ukutani kwa brashi, na kidole kile kimekaa pembeni kwa maringo yake. Nadhani hata mapazia alichora yeye. Watoto wakampa jina: Tata Kidole.

Mbuyi akataka tujue alianza wapi. Filamu zilikuja bila mpangilio, basi tulizipanga kwa meno yake, kwa shingo yake, kwa namna anavyoinuka akikaa chini. Nyuma ya kitambaa cha sinema palikuwa na chumba kidogo, na ukutani Mbuyi aliandika kwa chaki moja mpaka kumi na moja. Ya kwanza, Tata Kidole alikuwa nusu ya nyuma ya farasi. Sisemi utani. Mwisho wa mchezo watu wawili wanatoka ndani ya ngozi ya farasi, na yule wa nyuma, kijana aliyelowa jasho, anacheka na kupangusa uso kwa mkono wa kushoto. Ya kumi na moja alikuwa mzee mlinzi wa bwawa, na hapo hawakumpaka kitu usoni, uzee ulikuwa wake mwenyewe. Ndani ya masanduku ya Tata Radjabu tulikuwa na maisha yote ya kazi ya mtu.

"Ona," Mbuyi aliniambia, "habakumupatia hata siku moja kuwa kijana muzuri mwenye kuoa binti wa mufalme. Hata siku moja! Njo maana anajua kazi."

Alisema hivyo kwa wivu kidogo, au kwa heshima, kwa Mbuyi vilikaa pamoja. Nawakumbuka kwa hamu wote wawili, yeye na Tata Kidole, ninapoandika haya.

Kirusi hatukukijua, kwa hiyo hadithi tulizitunga. Na hapo ndipo tulipoangukia pua. Katika filamu ya mwizi wa kengele mna mwanamke wa makamo mwenye kitambaa cha maua anayemfokea Tata Kidole tangu anapoingia. Mimi nikaamua ni mke wake. Kwa bobini mbili, mikanda miwili mizima ya filamu, nikamtukana kama mke: unatoka wapi, mbona unanuka pombe, ile pesa ya sabuni iko wapi. Watoto wanafurahi, wamama mlangoni wanapiga makofi. Bobini ya tatu tulikuwa hatujaitazama vizuri kwa sababu umeme ulikatika Ijumaa. Ikaanza. Yule mwanamke akakaa, akamvuta Tata Kidole, akamlaza mapajani, akaanza kumsafisha masikio, halafu akatoa picha ya mtoto mchanga akaibusu. Ni mama yake! Vichwa vyote vikanigeukia.

Nikasema kwenye mikro: "Mwanangu, nilijifanya bibi yako juu ya kukupima kama uko na heshima."

Mbuyi, kule kwenye apareyi, bila kusita: "Na heshima iko, mama?"

"Haiko! Utarudilia mwaka!"

Kwa miaka kambini, mtu akiunguza bukari au akikosa goli, aliambiwa atarudilia mwaka, kama mwanafunzi aliyeanguka mtihani. Kosa likiwa zuri, batoto, msilifiche. Lifanyeni kuwa la hadithi.

Jambo jingine, watoto hawakukubali Tata Kidole awe na sauti mbili. Awe mfalme, awe mbuzi, awe bibi, sauti ni ya Mbuyi, wao wenyewe walimtambua chini ya rangi na kumpigia makofi. Jumapili moja Mbuyi alishikwa na homa, nikajaribu mimi. "Ule si yeye!" walipiga kelele. "Tunataka wa kweli!" Wakagonga mabenchi mpaka shefu akatuma mtu, na Mbuyi akaja amejifunga blanketi, akasema mchezo mzima akiwa amekaa chini, kichwa kimeegemea ukuta. Akipita kambini watoto walimfuata wakimwita mfalme. Wengine sidhani kama walijua jina lake.

Jina lilikuwa la Kasai. Baba yake aliletwa kutoka Kasai, mkoa mwingine kabisa, kuchimba shaba, na Mbuyi alizaliwa hapahapa, hospitali ya kambi. Kasai yenyewe alikuwa hajaiona. Kiluba, lugha ya wazee wake, alikijua cha kuombea chumvi tu, mke wake Ngalula alikuwa akimcheka. Alipogonga kidole kwa nyundo alitukana kwa Kiswahili. Mimi baba yangu ni Mlunda wa Kasaji, na nawaambia kwamba Mbuyi alikuwa mtu wa Kolwezi kunizidi, kwa sababu mimi nilifika hapa nikiwa na miaka saba.

Halafu vitu vikaanza kufa kimoja kimoja. Migodi ilipungua, mashine zikasimama, duka la kambi likawa na rafu tupu na mlinzi. Kuna wiki ambayo Ngalula hakuwa na kitu cha kuwapa watoto wake wanne. Mbuyi hakuniomba. Alisimama tu karibu na kiti changu, akakitazama kifuko. Nilikichukua, nikaenda kwao, tukasonga bukari, tukaila theluji na majani ya mihogo. Mbuyi alicheka mpaka machozi. "Mama Astride, leo tunakula Bulaya!" Jumapili hiyo watu walitembea kwenye theluji bila mlio, na hakuna mtoto aliyelalamika, wao pia walikuwa na njaa.

Karibu na wakati huohuo redio ikasema nchi ya Warusi imevunjika, haiko tena. Tulikuwa tunasafisha lenzi. Mbuyi aliacha kupangusa.

"Sasa Tata Kidole?" akauliza. "Kama inchi yake haiko, beye banamupeleka wapi?"

Nilimwambia ni mzee, atakuwa amelala nyumbani kwake. Akasema ndiyo, lakini nyumba iko ndani ya nchi. Sikuelewa kwa nini jambo hilo lilimkaa moyoni kiasi kile.

Nilielewa baadaye. Maneno juu ya watu wa Kasai yalianza kwa wakubwa, kwenye mikutano, kwamba wamejaza kazi zetu, kwamba warudi kwao. Yakashuka. Yakafika mpaka bombani, wamama wakaacha kumsalimu Ngalula na kumpa zamu ya mwisho. Nyumba zikaandikwa kwa mkaa. Vijana wakafunga vitambaa kichwani, wakashika fimbo na minyororo ya baiskeli. Watu wakafukuzwa nyumbani na sufuria moja na godoro, wakajazana gare wakingoja treni wiki baada ya wiki, juani na mvuani, na watoto wachanga wakazikwa kando ya reli. Mimi niliyaona. Asiwaambie mtu kwamba hayakutokea.

Ngalula na watoto walikimbilia gare kwanza, usalama ulikuwa kwenye wingi wa watu. Mbuyi alikataa kutoka. "Mi nazaliwa hapa," alisema. "Batanirudisha wapi, mu hospitali?" Nikamficha chumba cha nyuma ya kitambaa cha sinema. Siku nne nilimpelekea chakula ndani ya kikapu cha nguo za kushona. Alilala juu ya masanduku ya bobini. Siku ya tano zikaja habari kwamba treni inakuja kweli, na Mbuyi akasema lazima akaone kama watoto wake wamekula, halafu atarudi chumbani kungoja ujinga huu upite. Hivyo ndivyo alivyosema, atarudi. Nikasema nitamsindikiza, wakimwona na mimi watajua ni mtu wa watu.

Ilikuwa saa nne asubuhi. Karibu na shule, vijana kumi na kitu walikuwa wameziba njia kwa pipa na gogo. Sura zao nilizijua. Mama zao niliwafundisha kushona. Aliyekuwa mbele alikuwa Kaumba, miaka ishirini hivi, ambaye alikulia mstari wa mbele wa ukumbi wetu na kwao walizoea kuniita mama mdogo.

"Tata, jina yako nani?" akauliza, fimbo juu.

Mbuyi alijaribu kusema kidogo, kwa koo, asijulikane. Mmoja akamsukuma kifuani. Basi akasema kwa sauti yake:

"Batoto, muniache nipite."

Fimbo ya Kaumba ikashuka. Uso wake ukafunguka. "Eh! Bana! Ni Tata Kidole!"

Wote wakamzunguka wakicheka, wakimgusa mabega. "Fanya mufalme, tata! Fanya ile ya meno!" Mbuyi alinitazama. Alishika shavu. "Aï, mama! Meno yangu!" Na wale vijana, na minyororo yao, walikaa chini kwenye vumbi, miguu wameikunja, vilevile walivyokuwa wakikaa Jumapili. Akawafanyia mfalme. Akawafanyia mbuzi. Wakageukia kwangu: "Na weye, mama! Bibi ya mabata!" Nikafanya. Nikalia kama mabata, nikapuliza upepo kwa mdomo. Nilikuwa na furaha, Mungu anisamehe. Nilifikiri tumepona. Nilijua kabisa kwamba sasa watasema, rudi nyumbani, tata, hakuna atakayekugusa.

Kaumba alipangusa machozi ya kicheko. Alisimama. Akanitazama mimi, kisha wenzake, kisha mimi tena, muda kidogo. Nilikuwa bado nimeinua mikono kama mabawa. Nikaishusha.

"Aksanti, tata," akasema. "Twende, tukupeleke ku gare. Bengine habakujue, batakuumiza."

Alichukua blanketi ambalo Mbuyi alikuwa amewabebea watoto, akaliweka begani kwake, kwa heshima kabisa, kama mtoto anayempokea mgeni mzigo. Wakatusindikiza mpaka gare, wakamkabidhi kwa wale wenye kuhesabu watu wa kupanda treni, na aliyehesabiwa hakuruhusiwa kurudi, na hakuna aliyemgusa hata kwa ukucha. Mbuyi alimkuta Ngalula. Watoto walikuwa wanne, wote. Aliponigeukia alinishika mikono miwili. "Habakunipiga, Mama Astride. Ulifanya muzuri." Alinishukuru! Nilirudi nyumbani, na siku treni ilipoondoka sikwenda. Nilikaa nashona gauni la mtu ambaye simkumbuki. Habari moja tu ilinifikia, kwa mfanyabiashara, kwamba walishuka Mwene-Ditu, kule Kasai. Baada ya hapo kimya.

Shefu aliniomba niendelee na watoto, wazoee kwamba mambo yametulia. Niliwasha apareyi mwenyewe. Tata Kidole akatokea, mlinzi wa bwawa, na mimi nikamsemea kwa sauti yangu. Nilingoja wagonge mabenchi. Nilitaka wagonge. Walikaa kimya wakatazama mpaka mwisho. Wiki iliyofuata nilirudisha ufunguo.

Kaumba bado yupo, ana tumbo na wajukuu, anauza inite, vocha za simu, karibu na soko. Kwa miaka mingi nilimpita upande wa pili wa barabara. Baada ya Jumapili yenu ile niliishiwa inite, na kibanda kilichokuwa wazi kilikuwa chake peke yake.

"Mama ya sinema!" akafurahi. "Na Tata Kidole, alifika muzuri kule?"

Nikasema sijui.

"Minamukumbuka sana," akasema. "Hata sasa nikiwa na maumivu ya meno, minasikia sauti yake. Muntu muzuri ule."

Nikaushika ubao wa kibanda. Nikamwambia lile nililolisema peke yangu jikoni tangu siku ile: "Kaumba, ule tata alikuwa wa kwetu. Alizaliwa hapa. Mulipaswa kumuacha."

Hakukasirika. Alinitazama kama mtu anayeulizwa jambo ambalo jibu lake kila mmoja analijua.

"Mama," akasema, "shiye tulikuwa batoto. Weye ulikuwa mama yetu. Nilikuangaria mara mbili, nilikuwa nangojea useme. Kama ungesema vile, tungemuacha."

Akanipa inite zangu, akakataa pesa.